Picha ya Bibi ya Kwendea Makka

Mwezi uliopita nilikwenda kupiga picha ya paspoti, maana ile ya zamani imekwisha muda wake na binti yangu aliye ng'ambo amenikazania niende nikamwone mjukuu. Kijana wa studio alinikalisha kwenye kiti, akaniambia nivue miwani, nisicheke, nisiinamishe kichwa, nitazame mbele. Nikatii yote. Alipomaliza akaniita kwenye kompyuta yake, akaniuliza kwa adabu kama anipunguzie makunyanzi kidogo. Nilimjibu kwa ukali ambao kijana wa watu hakuustahili, hata akaacha kunitazama. Nilirudi nyumbani nikijiona mkorofi, na tangu siku hiyo nimekuwa nikimfikiria bibi yangu mzaa mama, na picha yake ya kwendea Makka.

Wenzangu mliokulia Arusha enzi za Mwingereza mnaijua Kaloleni ninayoisema, ile ya nyumba za udongo zilizopakwa chokaa na mabati yaliyokuwa yakilia asubuhi jua linapoyagusa. Baba alikuwa fundi cherehani, akishonea barazani mwa duka la nguo. Bibi alikuwa mtu wa Pangani. Alipandishwa huku na mumewe aliyekuja na kazi ya reli. Mume akafa, reli ikabaki, na bibi naye akabaki. Alikaanga vitumbua kila alfajiri kwa miaka mingi kuliko umri wangu, na kila aliyekula kitumbua chake mtaani alijua kwamba anamchangia mwanamke huyo kwenda kuhiji. Hakuna aliyecheka. Watu walimwuliza tu, kama unavyomwuliza mtu habari za mgonjwa wake, Makka imefikia wapi.

Mimi aliniita mke mwenzangu, kwa utani wa bibi na mjukuu, akidai kwamba babu angekuwa hai ningemnyang'anya. Nililala kitandani kwake, nikala sahani moja naye, na asubuhi nilipewa kile kitumbua cha mwisho kilichoungua chini, ambacho mpaka leo ndicho kitumbua ninachokijua mimi. Nilimpenda bibi. Lakini lazima niseme ukweli, sikumpenda mzima. Nilimpenda upande wake wa kulia.

Jicho lake la kushoto lilikuwa jeupe. Surua ililipofua alipokuwa mdogo, likabaki kama tone la maziwa chini ya kope. Watu wazima hawakulisema, nami kwa kuwa sikuambiwa kitu nilijitungia mwenyewe. Niliamini jicho lile halikupofuka, bali limepewa kazi nyingine, ya kuona yaliyofichwa. Nilipoiba sukari nilihakikisha bibi amenigeuzia ubavu wa kulia, kwa sababu jicho zima lilikuwa rahisi kulidanganya. Kitandani nililala ukutani, kuliani kwake, na akigeuka usingizini nilijifunika shuka mpaka utosini. Bibi naye alikuwa na tabia yake. Alipozungumza na mtu aligeuza kichwa kidogo, kama kuku anayetazama punje, ili mtu aone upande wenye jicho zima. Nilidhani ni maringo ya watu wa pwani.

Mwaka ambao Makka ilifika, yaani fedha zilipotimia, mjomba wangu, mtoto wa kwanza wa bibi, ndiye aliyekuwa aende naye, maana mwanamke haendi peke yake. Mjomba alikuwa mnunuzi wa ngozi, kutwa yuko mnadani Kisongo akifuata kwato za ng'ombe wa watu, mtu wa haraka na sauti kubwa. Alikwenda boma, kwenye ofisi za serikali, kuulizia paspoti, akarudi na masharti kichwani, akatusomea kama mtu anayesoma hukumu. Picha mbili zinazofanana. Uso wote, kuanzia paji hadi kidevu, ukitazama mbele sawasawa. Macho wazi. Kofia hapana, miwani hapana, kucheka hapana. Nyuma pasiwe na kitu. Mwanamke wa dini ataachiwa ushungi, lakini masikio yaonekane.

Bibi aliuliza Mwingereza anayatakia nini masikio ya kikongwe. Mjomba akasema hajui, ila karani wa boma, kijana mmoja wa Kichaga mwenye soksi ndefu, ameyataja mara mbili. Ikabidi aulizwe maalim wa msikitini, naye akasema kwa safari kama ile dharura inaruhusu. Basi masikio yakapita. Nakumbuka bibi hakuonekana kufurahi kama tulivyotarajia. Alikuwa akirudia lile neno la kutazama mbele, kila mara akilisema kama swali.

Sasa nieleze ujinga wangu, maana bila huo hakuna kisa. Mama aliniambia kwamba mtu akihiji husafishwa, akarudi kama mtoto aliyezaliwa siku hiyo. Nikalichukua neno hilo kama lilivyo. Na mimi, mtoto wa fundi cherehani, nilijua jinsi kitu kipya kinavyopatikana. Wake za makarani walimletea baba picha zilizochanwa kwenye magazeti, mwanamke wa Kizungu ndani ya gauni, na baba aliitundika picha ukutani, akaitazama, akakata, akashona, na Jumamosi gauni lilikuwa tayari kama lile la kwenye picha. Kwa hiyo niliposikia kuwa bibi haruhusiwi kwenda Makka bila picha, nilielewa mara moja ni ya nini. Ilikuwa ya kumtengenezea upya. Wangeitazama kule, na bibi angerudi kama alivyo kwenye picha. Ndiyo maana walitaka masikio, nikawaza, wasije wakayasahau.

Mpiga picha wetu alikuwa mzee wa Kihindi, Bwana Ratan, mtu mpole mwenye vidole vilivyobadilika rangi kwa dawa. Studio yake ilinuka siki. Ilikuwa na dirisha kubwa la vioo, na pazia lililochorwa ngazi za jumba la kifalme ambalo nusu ya maharusi wa Arusha walisimama mbele yake. Nyote mna picha zake majumbani, na mkizitazama vizuri mtaona jambo moja: ndani ya picha za Bwana Ratan hakuna mtu wa Arusha aliyepata ndui. Kabla hajaichapa picha kwenye karatasi aliketi dirishani na kile kioo kilichonasa sura ya mtu, ana penseli iliyochongwa ikawa kama mwiba na kisu kidogo, akawatoa watu makovu na makunyanzi. Hakutoza kwa kazi hiyo wala hakumwuliza mtu. Kwake yeye ilikuwa adabu, kama kumfuta mgeni vumbi.

Siku ya picha alitundika shuka jeupe mbele ya ngazi za kifalme, akamkalisha bibi. Bibi aligeuza kichwa kidogo, kama kawaida yake. Bwana Ratan alikwenda akamnyoosha kidevu kwa ncha ya kidole, na alipoingia chini ya kitambaa chake cheusi bibi akageuka tena, kidogo sana, na mzee yule akamwacha. Picha ikapigwa. Mjomba akamshika bibi mkono wakatoka nje. Mimi nikarudishwa kuchukua kanga iliyosahauliwa kitini.

Bwana Ratan alikuwa amekwisha kukaa dirishani na penseli yake, akimtengeneza bwana harusi mmoja shavu. Nilisimama nikamtazama. Kisha nikamwomba amtengeneze bibi jicho.

Hakushangaa. Aliniambia tu kwamba ile ni picha ya serikali, na za serikali yeye hazigusi kwa penseli. Ningeondoka hapo, yasingetokea mengine. Lakini akilini nilikuwa nimekwisha kumwona bibi akishuka kutoka Makka na macho mawili meusi, akinitazama, nami naweza kulala upande wowote ninaoutaka.

"Bibi ndiye aliyenituma," nikamwambia. "Anaona haya kukuambia mwenyewe."

Mzee yule akatikisa kichwa kama watu wa kwao wanavyokubali. Alikuwa mtu mwema, na wanawake wenye haya aliwajua. Nilichukua kanga nikatoka mbio, na sikuona kwamba nimesema uongo. Niliona nimefanya kazi kubwa ambayo watu wazima wameisahau.

Picha zilipokuja, nyumba nzima ilizipokezana. Bibi alikuwa mzuri, kama aliyerudishiwa ujana wa miaka ishirini nyuma. Mama alilia kidogo. Mjomba, ambaye jicho la mama yake alikuwa amelizoea kiasi cha kutoliona, alisema Bwana Ratan ni fundi. Bibi aliishika ile picha karibu na uso, akaigeuza kwenye mwanga. Jicho lake zima nalo lilikuwa limeanza kuchoka, na mpaka leo sijui aliona nini.

Tulikwenda boma siku ya Jumatano, bibi, mjomba na mimi, ambaye bibi hakupenda kuniacha. Karani wa soksi ndefu alimwamkia bibi shikamoo, akapokea fomu, akatazama picha, akamtazama bibi, akatazama picha tena. Akaomba radhi akaingia ndani. Alitoka na Bwana Shauri mwenyewe, mkuu wa wilaya, Mwingereza mrefu aliyekijua Kiswahili sawasawa, akakisema polepole kama mtu anayevuka mto kwa kukanyaga mawe.

"Mama," akasema, "mwanamke huyu anaona kwa macho yote mawili. Sasa niambie, ni nani anayesafiri?"

Hakuwa mkali, na ndiyo maana iliogopesha. Alieleza kwamba watu wamewahi kuleta picha za ndugu zao ili mwingine asafiri kwa jina lao, na hilo ni kosa la kumpeleka mtu gerezani. Tena uso haukutazama mbele kama ilivyoagizwa. Fomu akazirudisha. Barua za Dar es Salaam, karani akatukumbusha, zinaondoka Ijumaa asubuhi. Zikiikosa Ijumaa ile, paspoti haitarudi kabla ya meli ya mahujaji kuondoka Mombasa. Mjomba alianza kupaza sauti, na bibi akamgusa mkono ili anyamaze. Bibi alikuwa amekaa benchini, mikono mapajani. Alionekana mdogo ghafla, na nilielewa kwa mara ya kwanza kwamba mtu anaweza kukaanga vitumbua maisha yake yote na bado asifike.

Mjomba alituongoza kwenda studio kwa hatua ndefu, akituacha nyuma na kutungoja, akituacha tena. Alimvamia Bwana Ratan kwa maneno. Akamwita mharibifu, akamwuliza nani alimwambia aguse. Mzee yule alishangaa kweli. Alimwambia kwamba asingeligusa jicho lile, ila mtoto alikuja na ujumbe kutoka kwa bibi yake.

Wote wakanigeukia. Mnakumbuka jinsi mtoto anavyojua, kabla hajapigwa, mahali atakapopigwa. Mjomba alikuwa na mkono mzito wa kubeba ngozi. Nilimtazama bibi, na nikaona kwamba ameelewa, si kwamba nimesema uongo tu, ameelewa na kwa nini. 

"Ni kweli," bibi akasema. "Nilimtuma mimi."

Mjomba hakuamini masikio yake. Akamwuliza kama kwa uzee ule, na safari ile, bado anataka urembo. Kama aliona afadhali aikose Makka kuliko kuonekana alivyo. Alisema mengi ambayo mtoto hamwambii mama yake, tena mbele ya mgeni. Bibi aliinamisha uso, akayapokea yote. Mwanamke aliyekuwa akijiandaa kufutiwa dhambi alijiongezea uongo mmoja siku hiyo, na fedheha juu yake, na mimi nilisimama pale nikamwacha afanye hivyo. Nilikuwa na miaka saba. Nimejitetea kwa hiyo miaka saba mara nyingi.

Bwana Ratan alisema atapiga nyingine saa ile ile, bila kitu, na ataisafisha leo leo. Lakini mlima ulikuwa umejifunika. Mnajua miezi ile ya baridi, Meru inavuta mawingu mpaka mabatini na mji mzima unakuwa wa kijivu. Studio yake iliishi kwa mwanga wa dirisha. Tukakaa kungoja, watu wanne wasiosemezana, mpaka adhuhuri wingu lilipopasuka na vioo vikawaka.

Akamkalisha bibi. Akamwambia anyooshe uso. Bibi akanyoosha, kichwa kikarudi upande wake. Akamwambia tena, kikarudi tena. Haikuwa ukaidi. Miaka yote ile ilikuwa imeifundisha shingo yake kugeuka, na jicho moja halikuweza kumwambia mbele ni wapi. Mjomba alitaka kwenda kumshika kichwa. Bibi akakataa.

"Njoo, mke mwenzangu," akaniita. "Simama pale kwenye kile kidude chake. Nitakuwa nakutazama wewe."

Nikasimama ubavuni mwa mashine ya picha, kidevu changu karibu na kioo chake cha mbele. Bibi akanitafuta kwa jicho lake, akanipata, akanyoosha shingo taratibu mpaka uso wake wote ukawa mbele yangu, kulia na kushoto. Ilinibidi nitazame. Nililiona jicho lile kwa mara ya kwanza bila kukimbia, na halikuwa likiona kitu. Halikuwa na siri yoyote. Lilikuwa jicho lililokufa la mtu aliyeugua akiwa mtoto kama mimi, lina unyevu pembeni, na kope zake zilitetemeka kwa juhudi ya kubaki wazi. Nikashika ukingo wa meza. Bwana Ratan akasema basi, na bibi akashusha pumzi.

Paspoti ile ninayo mimi sasa. Waliomwona bibi kwenye picha hiyo husema anatazama kwa ukali. Si ukali, ni bidii.

Njiani kurudi mjomba alitangulia. Bibi alinishika mkono, akaniuliza kwa sauti ndogo kama ninaliogopa jicho lake. Nikaitikia kwa kichwa, halafu nikakumbuka kwamba niko upande ambao haoni, nikalazimika kusema ndiyo kwa mdomo.  Aliniambia tu nisije nikamweleza mjomba, maana yamekwisha.

Karani alizipokea picha Alhamisi asubuhi, akagonga mhuri, na bahasha ikawahi Ijumaa. Niwatoe wasiwasi: bibi alikwenda, akarudi salama, akatuletea tende na tasbihi na maji ya zamzam, akaishi miaka mingi akiitwa hajjati na watu wazima na mke mwenza na mimi. Jicho lilirudi vilevile. Sikushangaa, nilikuwa nimekwisha kujua kwamba safari haimshoni mtu. Na kisa cha jicho hatukukigusa tena, wala mimi sikuwahi kumwomba radhi, maana kila nilipotaka kuanza nilikumbuka asubuhi aliyoondoka nikashindwa.

Mtu anayekwenda kuhiji haondoki na deni la kosa. Kwa siku kadhaa bibi alikuwa akizunguka mtaani kuomba msamaha. Alikwenda kwa jirani waliyegombana naye kwa kuku, akaenda hadi Daraja Mbili kwa mwanamke waliyenuniana tangu zamani, akaenda kwa Bwana Ratan. Kwa mjomba aliomba mbele yetu sote, na mjomba akafunika uso kwa mikono. Mama alikuwa amenifundisha kwamba mwenye safari akikuomba, huulizi wala huongezi, jibu ni moja tu.

Asubuhi ile gari la kuwapeleka stesheni lilikuwa limesimama nje, na watu wamejaa. Bibi alikuwa amekwisha kumwomba kila mtu msamaha. Mimi nilikuwa mlangoni, na nilidhani watoto hawahesabiwi. Akaja, akainama kwa taabu, akanyoosha uso wake wote mbele yangu kama alivyofanya studio. Hakuniita mke mwenzangu.

"Rukia," akasema, "kama nimekutisha kwa jicho hili, nisamehe."

Nilitaka kumwambia kwamba ni mimi, kwamba aliyekosa ni mimi. Lakini mama alikuwa nyuma yangu, akanigusa bega ili nijibu vizuri.

"Nimekusamehe, bibi," nikasema.

Akanishukuru, akapanda gari.